Violini Zilizopanda: Kisa cha Albamu ya Kwaya na Plagini za Zamani

Kisa hiki kilitokea kwenye studio ndogo ya Dar es Salaam, na mimi niliitwa kusaidia kilipokuwa kimeshaharibika nusu. Majina ya watu, ya kwaya na ya parokia nimeyaondoa. Plagini (programu ndogo zinazoingia ndani ya programu ya muziki na kutoa sauti za ala) zilizosumbua nimezitaja kwa kazi yake tu. Jiji nimeliacha kwa sababu bila Kariakoo kisa hakikamiliki.

Kabla ya yote, tuelewane juu ya neno "biti", maana studio linatutesa. Kuna biti ya mdundo, ile prodyuza anayoiuza. Kuna biti 16 na biti 24 za ubora wa faili la sauti. Halafu kuna biti 32 na biti 64 za namna programu inavyotumia kumbukumbu ya kompyuta. Kisa hiki ni cha hizo za mwisho. Midundo nitaiita midundo.

Chanzo

Prodyuza alirekodi albamu ya nyimbo 8 za kwaya mwanzoni mwa miaka ya 2010, kwa FL Studio 10, programu ya kutengenezea muziki, kwenye Windows 7 ya biti 32. Ngoma, besi, kinanda na violini zilitoka kwenye plagini. Gitaa la solo na sauti za wanakwaya ndizo pekee zilizopita kwenye maikrofoni. Albamu ikatoka, kompyuta ikaendelea na kazi nyingine, na siku moja ikazimika isiwake tena. Ikawekwa chini ya meza, juu yake ikakaa feni. Prodyuza akanunua mashine mpya yenye Windows 11. Kabla ya kuiweka pembeni ile ya zamani, fundi alichomoa diski, akanakili folda ya miradi, akairudisha. Wote wakaamini nyimbo ziko salama.

Zaidi ya miaka kumi baada ya albamu kutoka, mwalimu wa kwaya akarudi. Parokia ilikuwa na jubilei baada ya wiki 3, na kwaya ilitaka kuimba albamu ile ikisindikizwa na ala zilezile. Tatizo lilikuwa sauti. Msichana aliyeimba solo sasa ni mama mtu mzima, na kule juu hafiki bila mishipa ya shingo kusimama. "Mwanangu," mwalimu alimwambia prodyuza, "do ilikuwa G, sasa iwe F. Lakini usinibadilishie violini. Watu wanaujua wimbo kwa violini zake."

Ombi hilo ndilo lililofunga njia ya mkato. Kama wangetaka ala bila kushusha, au kushusha bila kujali ubora, wangeweza kuhangaika na CD. Kushusha wimbo mzima uliokwisha kumiksiwa kwa toni nzima kunaifanya ngoma isikike kama inapigwa chini ya blanketi, na sauti za wanakwaya bado zimo humo humo. Ilibidi mradi wenyewe ufunguke, noti zishushwe ndani ya programu, na violini zipigwe upya na plagini ileile.

Mradi unafunguka, wimbo haumo

Faili la mradi lilifunguka bila shida. Hilo FL Studio wanalifanya vizuri: mradi wa toleo la zamani hufunguka kwenye toleo jipya. (Ndiyo programu pekee ambayo studio ile iliilipia, kwa sababu leseni yake hubeba matoleo yajayo bila kulipia tena.) Noti zote zilikuwepo, rangi za treki zilikuwepo. Sauti ilikuwa ya gitaa na wanakwaya peke yao, wakiimba hewani kama watu walioachwa na basi.

Sababu ni kwamba mradi hauhifadhi sauti ya plagini. Unahifadhi utambulisho wa plagini iliyotumika na hali ya vitufe vyake, basi. Sauti yenyewe hutengenezwa upya kila ukibonyeza kucheza, na plagini isipokuwepo hakuna wa kuitengeneza. Fundi alinakili maelekezo ya mapishi akaacha jiko.

Tulipohesabu, albamu ilitumia plagini 11. Tano kati ya hizo hazikuwahi kulipiwa, ziliingia studio kwa fleshi kutoka kwa rafiki, na nalisema bila kumnyooshea mtu kidole kwa sababu studio nyingi za wakati ule zilianza hivyo.

Wiki ya kwanza: uamuzi baada ya uamuzi

Hatua ya kwanza ya prodyuza ilikuwa kuuliza marafiki. Mmoja alimshauri ahamie Mac. Ushauri huo ungemgharimu pesa nyingi na usingemsaidia hata kidogo. Plagini zake zilikuwa mafaili ya DLL (aina ya faili ambalo Windows hubebea vipande vya programu), ambayo Mac haiyasomi, na hata angepata matoleo ya Mac ya enzi hiyo, macOS Catalina ya mwaka 2019 iliacha kabisa kuendesha programu za biti 32. Mwingine akamwambia ajaribu Cubase, programu nyingine ya muziki. Cubase nayo iliacha plagini za biti 32 tangu toleo la 9, mwishoni mwa 2016, na Ableton Live, nayo ya aina hiyohiyo, ikafuata kwa toleo la 10 mwaka 2018. Kubaki FL Studio kwenye Windows ndio uamuzi bora aliofanya wiki ile, na aliufanya kwa sababu hakuwa na hela ya kufanya mwingine.

Ubora wake ni huu. Windows ya biti 64 bado inaendesha programu za biti 32. Isichoruhusu ni programu ya biti 64 kuibeba DLL ya biti 32 ndani yake. Kwa hiyo panahitajika daraja: programu ndogo ya biti 32 inayokaa pembeni, inabeba plagini, na kupokezana sauti na programu kubwa kupitia kipande cha kumbukumbu wanachoshirikiana. FL Studio kwenye Windows ina daraja lake yenyewe, na Reaper pia. Wasio nalo hununua jBridge. Daraja linakula nguvu ya kompyuta kidogo, na dirisha la plagini wakati mwingine huchorwa vibaya, ila lina faida moja: plagini ikianguka huanguka na daraja lake, mradi unabaki umesimama.

Msaidizi wa studio, kijana mwepesi sana wa mikono, alichomeka diski ya zamani kwa waya wa USB, akanakili DLL zote 11 kwenye mashine mpya na kuiambia programu izitafute. Matokeo: plagini 4 zilikuwa na matoleo mapya ya biti 64 kutoka kwa watengenezaji wake, zikapakuliwa na kusoma mipangilio ya zamani vizuri. Zilizobaki 7 ndizo zilizotupa kazi.

Tatu kati ya hizo zilikataa kufunguka bila kusema kwa nini. Hapo ndipo niliitwa. Zilikuwa zinatafuta maktaba za Visual C++ za enzi zake, yaani mafaili ya pamoja ambayo programu nyingi za Windows huyategemea, kama MSVCR90.dll na MSVCR100.dll, ambayo kompyuta mpya haikuwa nayo. Watu wengi hukosea hapa: huona Windows ni ya biti 64, wakaweka maktaba za biti 64, plagini ikaendelea kukataa. Plagini ya biti 32 hutaka maktaba ya biti 32, hata ikiwa ndani ya Windows ya biti 64. Tuliweka za 2008 na 2010, toleo la x86 (ndilo la biti 32), na zote tatu zikaamka.

Ya nne ilikuwa plagini ya violini. Hiyo nitaieleza peke yake.

Ya tano ilikuwa kinanda cha kanisa chenye leseni halali, iliyofungwa kwenye mashine ya zamani. Ilitoa namba ya ombi, ikataka namba ya jibu kutoka kwa mtengenezaji, na mtengenezaji alishafunga. Aliyelipa ndiye aliyekwama.

Mbili za mwisho zilikuwa kati ya zile tano za fleshi. Kinga ya virusi ya Windows ilizimeza kabla hata daraja halijaziona.

Msaidizi alitaka kuizima kinga. "Kaka, hizi nazijua, hazina kitu," alisema. Prodyuza alikataa, na hoja yake ilikuwa nzuri: kwenye mashine hiyo kulikuwa na kazi za wateja wengine wanne ambao hawakuhusika na jubilei ya mtu. Lakini uamuzi aliutamka tu, hakuna aliyeuandika wala kuusimamia. Usiku kijana akaingia mtandaoni, akapakua plagini moja kati ya zile mbili kutoka tovuti asiyoijua, akaizima kinga kwa dakika tano. Asubuhi kivinjari kilikuwa kinajifungulia kurasa chenyewe. Tulifuta Windows na kuanza upya. Siku nzima na nusu ilikwenda hapo, kati ya siku 21 walizokuwa nazo.

Violini

Plagini ya violini ilikuja na diski halali, na mtengenezaji wake aliiacha zamani. Kwanza ilifunguka bubu. Plagini nyingi za aina hii huweka sampuli zake (sauti za ala zilizorekodiwa) kwenye folda kubwa mbali na DLL, na njia ya kuifikia huandikwa kwenye rejista ya Windows, daftari ambamo mfumo hutunza mipangilio ya programu. Kijana alinakili DLL na sampuli, rejista hakuigusa. Nilipomwonyesha, alitoa maandishi hayo kutoka kwenye rejista ya diski ya zamani na kuyaingiza mahali palepale yalipokuwa. Bado bubu. Kwenye Windows ya biti 64, programu za biti 32 zinapouliza rejista hupelekwa kwenye chumba kingine kiitwacho WOW6432Node, bila wao kujua. Tukahamishia humo, violini zikalia.

Tulipeana mikono. Noti zikashushwa, do ikawa F, na jioni mwalimu akaitwa asikilize.

Alisikiliza beti moja akainua mkono. "Violini zimepanda."

Prodyuza akamwonyesha noti kwenye skrini: zote zimeshushwa sawasawa, hakuna iliyosahaulika. Mwalimu hakutazama skrini. Alitoa uma wake wa kutafutia sauti, akaugonga kwenye goti, akaimba do, kisha akaimba ya violini. Tofauti ilikuwa toni si toni, nusu toni si nusu toni. "Hii haipo kwenye kinanda," alisema. Sisi mafundi wawili wenye vifaa vya mamilioni tulikuwa tumekaa nayo saa tatu tukidhani ni gitaa la zamani lililolegea.

Mradi wa zamani ulikuwa wa sampuli 44,100 kwa sekunde, yaani idadi ya vipimo vya sauti kila sekunde. Mashine mpya ilikuwa imewekwa 48,000, kwa sababu studio sasa inafanya na video za harusi, na video huenda kwa 48,000. Plagini nzuri huuliza programu inaendeshwa kwa kasi gani na kujirekebisha. Hii ya violini haikuuliza, ilichukulia dunia nzima ni 44,100. Sampuli zake zikawa zinachezwa haraka kwa uwiano wa 48,000 kwa 44,100, yaani sauti inapanda karibu nusu toni moja na nusu. Ndiyo maana sikio la mwalimu liliikuta katikati ya vitufe. Tulirudisha mfumo wote kwenye 44,100, ikakaa.

Kulikuwa na jambo dogo jingine: vilio vidogo kama mchanga kila violini zilipoingia. FL Studio hutuma sauti kwa vipande vya ukubwa unaobadilika, na plagini za zamani hazikulitegemea hilo. Kwenye mipangilio ya kila plagini kuna chaguo la kulazimisha vipande vya ukubwa mmoja. Likawekwa, mchanga ukaisha.

Kariakoo

Zikabaki plagini 3: kinanda cha kanisa na zile mbili. Siku 10 zilikuwa zimekwenda. Tulijadili kutafuta sauti zinazokaribiana, na mimi ndiye niliyesukuma hoja hiyo. Nilikosea. Tulipoteza siku mbili kujaribu vinanda ambavyo mwalimu alivikataa kimoja baada ya kingine kwa upole wa kukatisha tamaa.

Aliyetutoa ni mke wa prodyuza, aliyekuja kuleta chakula na kuuliza ile kompyuta chini ya feni ina ugonjwa gani. Hakuna aliyejua. Ilizimika, ikawekwa pale. Tukaifungua: kisanduku cha umeme kilikuwa na harufu ya kuungua. Kariakoo tulipata kingine cha mtumba kwa shilingi 35,000. Kabla ya kuiwasha nilisisitiza jambo moja, na hili najisifia: tulitoa nakala kamili ya diski kwanza, sekta kwa sekta, kwenye diski nyingine. Kisha tukawasha. Windows 7 ikaja na picha ya ukutani ya mtoto ambaye sasa yuko sekondari. Mradi ukafunguka na plagini zote 11.

Hatukuiunganisha na intaneti. Windows 7 haipati marekebisho ya kawaida ya usalama tangu Januari 2020, na hapakuwa na kitu cha kutafuta huko. Tukaamua kutoa kila treki kama faili la WAV la biti 24, zote zikianza sekunde ya sifuri hata kama ala inaingia katikati ya wimbo, na noti zote kama MIDI, faili la noti tupu lisilo na sauti. Gitaa la solo tulimwita mpiga gitaa alirudie kwa F. Wanakwaya wangeimba wenyewe.

Mashine ilikuwa inachemka na kujizima kila baada ya saa moja hivi. Tukawa tunatoa wimbo mmoja, tunaipumzisha, tunatoa mwingine.

Matokeo

Nyimbo zote 8 zilitoka kwa do ya F siku 4 kabla ya jubilei. Kwenye mazoezi mwalimu akagundua kwamba nyimbo 3 bado ziko juu, akaomba E. Tukarudi kwenye mashine, diski ikaanza kugonga kama saa ya ukutani. Hatukuendelea nayo.

Kwa nyimbo hizo 3 tukashusha mafaili ya sauti yenyewe nusu toni moja, treki moja moja, ngoma tukaziacha bila kuguswa. Violini na kinanda cha kanisa zilivumilia. Piano haikuvumilia: mgongo wa kila noti, pale kidole kinapogusa, ulipondeka. Kwa kuwa noti tulikuwa nazo kama MIDI, piano ilipigwa na plagini mpya, na mwalimu hakuitambua. Wimbo mmoja wenye marimba haukuokoka. Waliuimba kwa ngoma na kayamba, bila kusindikizwa na mitambo.

Uchambuzi

Kosa kubwa lilifanyika miaka kadhaa kabla, siku fundi aliponakili folda ya miradi na watu wakaita hiyo nakala ya nyimbo. Siku ile mashine ilikuwa imezimika karibuni, diski ilikuwa nzima, na kisanduku cha umeme cha mtumba kingepatikana vilevile. Kila saa tuliyohangaika baadaye ilikuwa riba ya deni la siku ile.

Kosa la pili ni mpangilio. Tulianza kwa kazi ngumu, kuleta plagini kwenye mashine mpya, kabla ya kuuliza swali rahisi: ile ya zamani inaweza kuwaka? Kwa mafundi tulioona madaraja na rejista, kisanduku cha umeme hakikuwa na mvuto. Ningeanza leo, ningeanza na bisibisi.

Hata hivyo sioni kazi ya daraja kuwa ilipotea. Plagini 8 kati ya 11 sasa zinafanya kazi kwenye mashine mpya, na studio ina miradi mingine mingi ya wakati ule. Zinahitaji kufungwa kwenye 44,100, na tumebandika karatasi ukutani. Hilo litadumu kwa muda ambao sitauwekea dhamana. Steinberg, wenye Cubase, walioleta VST (mfumo unaofuatwa na plagini hizi) mwaka 1996, walitoa VST3 mwaka 2008, wakaacha kutoa vifaa vya kutengenezea VST2 mwaka 2018, na mwaka 2022 wakatangaza kuiondoa kwenye programu zao. Plagini hizi zote 8 ni VST2. Na hata mtengenezaji akitoa VST3 ya chombo kilekile, mradi wa zamani hauitambui wenyewe, kwa sababu utambulisho ni wa mfumo mwingine, labda mtengenezaji awe amejitahidi kuziunganisha.

Kilichonisumbua zaidi ni violini. Plagini iliyokataa kufunguka ilitupa hasara ndogo, tulijua imekataa. Iliyofunguka na kuimba kwa ufunguo usiokuwepo ilitulaghai saa tatu nzima, na bila mwalimu tungeipeleka kanisani. Hatukuwa na kipimo chochote zaidi ya "imelia". CD ya zamani ilikuwa mezani wakati wote, tungeweza kuliweka faili lake chini ya treki, kwa ufunguo wa zamani, na kulinganisha kabla ya kushusha noti hata moja. Sasa ndivyo wanavyofanya.

Kuhusu kijana, prodyuza alitaka kumfukuza, nikamwomba asifanye hivyo. Aliambiwa "usizime kinga" huku zimebaki wiki mbili, mteja ni mkali na hakuna njia nyingine. Kosa lake lilikuwa halisi. Ila aliyemwachia nywila ya mtawala wa mashine yenye kazi za watu wanne hakuwa yeye.

Na kutoa WAV kwa ufunguo mmoja tu, wakati mashine ya zamani ingali hai, huo ulikuwa uzembe wangu. Kila wimbo ulihitaji dakika chache zaidi kutolewa kwa E na kwa E bemoli. Nilijua kuwa waimbaji hawajajaribu bado. Niliharakisha kwa sababu mashine ilikuwa inachemka, na feni ileile iliyokaa juu yake miaka yote ilikuwa imesimama mita moja kutoka hapo, haijawashwa.

Nakala ya diski iko sehemu mbili sasa, moja studio na moja nyumbani kwa prodyuza. Wiki iliyopita mwalimu aliuliza kama albamu yao ya pili nayo ilitengenezwa kwenye mashine ileile. Ndiyo. Tunaanza Jumatatu, kwa diski ya nakala, na kila wimbo utatoka kwa funguo nne.